Sauti ya Khoo Siok-hun

Mtu yeyote wa Beitou, huko Taiwani, aliyezidi miaka hamsini atakwambia anamfahamu Khoo Siok-hun: ndiye mama mkwe mkorofi, ndiye mjane, ndiye yaya anayekufa kabla filamu haijafika katikati. Uso wake wameuzoea kama wa jirani. Sauti yake hawaijui.

Alianza mwaka 1963, akiwa na miaka kumi na minane, enzi filamu za Kitaiwani zilipopigwa kwa siku kumi katika nyumba za wageni zenye maji ya moto, waigizaji wakikimbizwa kwa pikipiki kutoka kazi moja hadi nyingine, poda ikiwa bado usoni. Baadaye filamu hizo zikafa, zikaja za Kimandarini, Kichina cha serikali. Kimandarini cha Siok-hun kilinuka soko la samaki. Wakubwa wakaamua acheze uso tu; maneno yangewekwa baadaye na binti aliyesoma. Mtaka cha mvunguni sharti ainame, naye akainama.

Tangu hapo hakuhangaika kukariri. Kamera ikiwaka alihesabu, kama walivyofanya wenzake wengi: moja, mbili, tatu, midomo ikicheza, machozi yakimtiririka. Siku moja, hesabu ilipofika kumi na saba, wabeba taa walilia. Wapo wanaolicheka jambo hilo. Hebu wajaribu wao kuomboleza mume kwa hesabu.

Alipotimiza sabini na sita, mwongozaji kijana, binti aitwaye Peng Jia-rong, alimfuata nyumbani. Alikuwa na filamu ya Kitaiwani, na sauti ingenaswa papo hapo. Mtayarishaji, Bwana Tu, alikubali kwa shingo upande, kwa sharti kwamba bibi akishindwa siku ya kwanza, atawekewa sauti ya mwingine kama kawaida. Siok-hun aliambiwa hayo. Alijifungia wiki tatu, akakariri mpaka jirani naye akayajua maneno yote.

Siku ilipofika walichoma udi, wakapanga matunda mezani, wakaiombea kamera, kama ilivyo desturi filamu inapoanza. Siok-hun akasimama mbele ya picha ya marehemu, mume wake wa kwenye filamu. Kamera ikawaka. Macho yakajaa, midomo ikatetemeka, naye akatamka kwa uchungu wa kukata maini:

“Moja. Mbili. Tatu. Nne.”

Hakuna aliyecheka. Mazoea yana taabu, na haya yalikuwa ya karibu miaka hamsini. Bwana Tu akamnong'oneza Jia-rong, ila si taratibu vya kutosha, kwamba alilijua hili mapema, na kwamba kuna mama wa redioni anayeweza kupatikana kesho.

Siok-hun aliona aibu mpaka masikio yakamwaka. Halafu aibu ikageuka hasira.

“Mwanangu Tu,” alisema, “sauti za wenzangu nimevalishwa sita, na zote nzuri. Hakuna hata moja iliyofiwa na mume. Mimi nimefiwa. Washa tena.”

Jia-rong hakungoja ruhusa. Safari hii Siok-hun hakulia. Aliifuta picha vumbi kwa kiganja, akaikoromea kwa sauti yake nzito yenye mikwaruzo:

“Mzee, ule mti wa mlongani nyuma ya nyumba umezaa. Mwanao namwambia apande, anasema ataanguka. Wewe ulipanda una miaka sabini, tena na viatu. Sasa nani atanichumia?”

Jia-rong alisahau kuwaambia wazime kamera. Bwana Tu alikuwa amegeukia ukutani, akipangusa miwani ambayo haikuwa chafu.

Siok-hun akamwendea fundi sauti, akaomba kusikia. Fundi akamvalisha visikilizi kwa mikono miwili, kwa heshima. Katika filamu zote zile, hakuwahi kupewa. Alisikiliza mpaka mwisho, akarudia, kisha akanyoosha mgongo.

“Huyu anayesema humu ni mama yangu mzazi kabisa,” alisema. “Mwambieni Bwana Tu, yule wa redioni abaki redioni.”