Mkwe Aliyenikanyagia Mafuta

Mtu akitaka kutunga uongo hutunga wa kujipamba. Atakwambia alikutana na jini akalifukuza kwa dua, au lilimpenda likataka kuolewa naye. Haya yangu mie yananiumbua mwanzo hadi mwisho, na kule mtaani kwetu Mabawa kuna wanawake mpaka leo wakiniona wanapita wanaziba midomo kwa kanga. Sasa nikudanganye kwa faida gani? Yalinikuta, tena si usiku. Ilikuwa mchana, jua la utosi, uwanjani nyuma ya nyumba yetu.

Nianze na aibu ndogo ndiyo nifike kwenye kubwa. Mke wangu Zuhura alikuwa amerudi kwao Moa, kule karibu na mpaka, na aliyemrudisha ni mimi. Walikuja rafiki zangu kunitembelea, chai ikachelewa, nami kwa kutaka nionekane mwanamume nikampayukia mbele yao: "Hivi wewe huna mama? Hukufundwa kwenu?" Mwenzangu ana mimba kubwa, miguu imemvimba, yuko jikoni tangu asubuhi. Aliweka birika mezani, akaingia chumbani akafunga nguo zake. Mama yangu mzazi, ambaye tunaishi naye, alimkimbilia hadi barabarani kichwa wazi, anamshika mkono, anamsihi asiende. Mie nilibaki nimekaa na wenzangu, najidai sioni.

Simu zangu hazikupokelewa tena. Wiki zikapita, mpaka mjomba wake Zuhura akanipigia mwenyewe. Akasema njoo Jumapili tukae, ufike kabla ya alasiri, na usipofika tutajua humtaki, kila mtu ashike njia yake. Wallahi niliruka. Nikajitapa hapo hapo kwamba nakuja na gari yangu, Zuhura hatapakiwa kwenye bodaboda na hali ile.

Jumapili asubuhi nawasha gari, lahaula! Inatetemeka mwili mzima, taa ya injini inapepesa, ukiondoa mguu kwenye mafuta inazimika. Fundi wangu yuko Muheza kwenye harusi. Nikampigia, nikamsikilizisha mlio kwa simu, akacheka.

"Koili hiyo, kaka. Moja imekufa."

Kama hujui, koili ni kidude kinachokaa juu ya plagi, ndicho kinachoipa umeme wa kuchoma mafuta. Gari yangu inazo nne, na kwa macho zote zinafanana, huwezi kujua mgonjwa ni yupi. Fundi akanieleza: washa gari, chomoa soketi ya koili moja moja. Ukichomoa, gari ikayumba, hiyo ni nzima, irudishie. Ukichomoa, gari isijali, hiyo ndiyo mbovu. "Ila upate mtu akukanyagie mafuta," akasema, "la sivyo itakuzimikia kila saa."

Nikakimbia duka la spea, nikarudi na koili moja. Mvua ilikuwa imenyesha usiku, uwanja wote tope, kwa hiyo koili yangu na spana namba kumi nikaviweka kwenye sahani ya bati, sahani nikaiweka juu ya kiti cha dereva. Nikawa naingiza mkono dirishani nazungusha ufunguo, gari inawaka, nikifika mbele kwenye boneti ishazimika. Nikarudia mpaka nikaanza kuitukana. Mama alikuwa jikoni anakuna nazi. Tangu alfajiri alikuwa anampikia Zuhura samaki wa kupaka na mkate wa kumimina, nimpelekee. Ningemwita anikanyagie, lakini toka siku ile ya Zuhura tulikuwa tunasemeshana kwa kubahatisha, nikaona haya.

Ndipo nikasikia, "Hodi wenyewe."

Niliijua sauti ile papo hapo. Mama mkwe wangu ana sauti ya puani kidogo, na maneno anayaburuta. Nilikuwa nimeinama ndani ya boneti, nikazidi kuinama. Kwetu huku mama mkwe hakodolewi macho. Humpi mkono, humtazami usoni, unaongea naye unaangalia chini, na ukikutana naye njiani unampisha. Nimemuoa mwanawe mwaka wa tatu sasa, na uso wa mama yule ukiniuliza una alama gani, sitakuwa na la kukwambia.

"Karibu, mama. Shikamoo."

"Marahaba, mwanangu. Usiache kazi yako. Nimekuja tusemezane kidogo kabla hujakaa na wanaume."

Nikasema moyoni, Mungu huyu! Mkwe katoka Moa kuja kunisikiliza mimi kwanza. Nikimpata yeye, kile kikao kimekwisha kabla hakijaanza. Nilichokiona mie ni pindo la buibui na miguu. Najua unangoja nikutajie kwato. Hapana bwana, miguu ya mtu kabisa, ina hina, iko ndani ya kandambili. Lakini uwanja mzima tope, na zile kandambili hazina hata doa. Niliona, na sikulifikiria, maana akili yangu yote ilikuwa kwa Zuhura.

"Jua kali," akasema. "Naingia humu." Nikasikia mlango unafunguliwa na kufungwa. Kaingia upande wa usukani. Sasa nani atamwambia mkwewe kwamba amekosea mlango?

"Nikanyage wapi, mwanangu?"

Loo! Nilitamani ardhi ipasuke inimeze. Mama mkwe anikanyagie mafuta mie? Lakini saa zinakwenda, Moa si hapa na hapo. Nikasema huku uso nimeuficha kwenye injini, "Ile ya kulia, mama, taratibu. Unisamehe sana, mama." Ufunguo ukazungushwa, gari ikawaka, mlio ukashikiliwa pale pale, haupandi wala haushuki. Fundi mwenyewe hakanyagi vile.

Nikachomoa soketi ya kwanza, gari ikayumba. Nzima hiyo, nikairudishia. Akaniuliza, "Zuhura alitokaje kwako?"

Hebu jiweke pale. Mbele yako yupo mama wa mkeo, na neno ulilomwambia binti yake ni kwamba hana mama. Unalirudiaje? Nikachomoa ya pili, gari ikayumba tena, nikairudishia polepole ili nipate muda. Kisha ulimi ukatoka wenyewe.

"Si mimi, mama. Ni mama yangu."

"Sikusikii, mwanangu." Na mafuta yakaongezwa.

"Nasema ni mama yangu! Hampendi Zuhura!"

"Sema kwa nguvu, gari inapiga kelele." Yakaongezwa tena, injini inanguruma, boneti inatetemeka usoni pangu.

Basi nikapaza sauti, na kadiri nilivyoipaza ndivyo uongo ulivyonoga. Nikasema Mama anamnyima Zuhura chakula. Nikasema mimi kazi yangu ni kusuluhisha tu, nimechoka. Nikasema Zuhura akipika Mama anamwaga. Niamini, sikujua kama ninayo maneno hayo. Mkono wangu ulikuwa unachomoa soketi ya tatu, na gari haikujali, mlio ule ule. Nimeipata! Nikafurahi, na kwa furaha ile nikapiga ukelele:

"Mama yangu ana roho mbaya! Yeye ndiye aliyemfukuza Zuhura!"

Injini ikazimika. Haikukohoa wala haikuyumba, ilikatika tu, na nusu ya maneno yangu yakatoka peke yake kwenye uwanja uliokuwa kimya.

Jikoni mbuzi ya nazi ilikuwa imenyamaza. Mama akatokea mlangoni ameshika hotipoti ya chakula cha Zuhura kwa mikono miwili.

"Unasema na nani?"

"Na... na mama mkwe, Mama. Yumo garini."

Mama akazunguka mpaka dirishani, akachungulia. Nami nikainua uso kwa mara ya kwanza tangu ile hodi, nikaja nikatazama. Juu ya kiti cha dereva ilikuwepo sahani yangu ya bati, na koili yangu, na spana namba kumi, vile vile kama nilivyoviweka. Mtu angekaaje pale? Astaghfirullah, nikaushika mlango.

Upande wa pili wa ukuta jirani yetu Bi Saumu alikuwa anaanika nguo. "Mwanangu, mie nimekutazama toka zamani," akasema. "Unaipa gari shikamoo. Na gari inanguruma yenyewe, nikadhani ndiyo haya magari ya kisasa."

Nikampigia mjomba wake Zuhura. Nikamuuliza mama mkwe yuko wapi. Akashangaa, "Si huyu hapa, kakupikia, anakungoja." Na simu akampa. "Mwanangu, mbona hufiki?" Sauti ile ile, ya puani, ya kuburuta. Nilikata simu bila kuaga.

Unadhani Mama alipiga mayowe, au aliita watu waje na ubani? Mama hakushughulika na shetani hata kidogo. Alisimama ananitazama mimi, na hotipoti yake. Nikachukua spana kwa sababu mikono ilihitaji kufanya kazi. Nikafungua bolti ya ile koili ya tatu, nikaizungusha kidogo, nikaivuta. Mpira wake ulikuwa umepasuka, umeme unavujia pembeni. Nikapachika mpya mpaka ikakaa, nikakaza bolti, nikasukuma soketi ikalia tak. Nikawasha, gari ikatulia kabisa. Kazi ndogo vile, na Mama amesimama pale muda wote.

Akafungua buti mwenyewe, akapanga vyakula, akavifunga vizuri kwa kanga visimwagike. Akafunga buti.

"Mpelekee Zuhura," akasema. "Mwambie mimi sikumfukuza."

Niliendesha mpaka Moa nalia, mtu mzima na ndevu zangu. Nilifika kabla ya alasiri. Wazee wakauliza kulikoni, na safari hii nikasema kweli yote, na lile neno lenyewe nikalitamka, mama mkwe akiwa nyuma ya pazia anasikia. Nikamsikia anaguna. Ya Mama na gari nikayasema pia, maana nilikuwa nimebeba ujumbe wake. Mjomba alisoma dua. Zuhura alitoka ndani na fuko lake, akafungua ile kanga ya vyakula niliyoiingiza akatazama samaki, akafunga tena.

"Narudi," akasema. "Narudi kwa mama. Si kwako."

Tuliingia Mabawa wakati wa magharibi. Nyumba imefagiwa, maji yamejazwa, kitanda cha Zuhura kimetandikwa shuka mpya. Mama hayupo. Ufunguo kamwachia Bi Saumu, na maneno kwamba amekwenda Mkwaja kwa dada yake, tusimtafute. Zuhura alikaa kizingitini akaniangalia, na hajawahi kuniangalia vile tena, sijui kama ningestahimili mara ya pili.

Mtoto amezaliwa, sasa anatambaa. Mama alikuja kumwogesha, akakaa mpaka Zuhura akapata nguvu, akarudi Mkwaja. Anacheka na Zuhura, anamwimbia mjukuu. Mimi ananiita baba wa mtoto. "Mwanangu" haijatoka tena kinywani mwake. Gari ninayo, koili ile haijanisumbua, ila nikizima injini nauogopa ule ukimya wake, huwa nawasha redio kwanza.

Watu wamenipa dawa za kila namna. Wengine wanasema uwanja ule una mwenyewe, nichinje kuku. Wengine wanasema nisishike gari adhuhuri. Sheikh kanipa za kusoma, nazisoma. Lakini nilimfuata Mama mpaka Mkwaja kumwomba radhi, nikapiga magoti mchangani, nikamwambia ni shetani, Mama, ni shetani yule aliyeniponza. Alikuwa anachambua mchele. Hakuacha kuchambua.

"Radhi nimekupa," akasema. "Nami naamini ulichokiona, sikatai. Ila nieleze. Huyo shetani alikwambia useme vile, au alikuuliza tu?"

Nikasema aliniuliza tu.

"Basi," akasema, akasogeza ungo akaendelea na mchele wake.

Basi na wewe unayenisikiliza, siku ukiulizwa jambo na mtu ambaye uso wake huuoni, hata awe ni nani, hata uwe umebanwa namna gani, sema kweli au nyamaza. Mama yako huenda yuko jikoni.