Saini ya Mama

Nilisaini karatasi badala ya mama bila kumwambia. Ujinga ulianzia hapo, nami nilikuwa nacheka peke yangu.

Hapa Dzaleka, kambi ya wakimbizi Malawi, batoto njo banasomea bazazi makaratasi ya Kiingereza. Mimi nilishamsainia mama ripoti zangu za shule, hasa zile mbaya. Kwa hiyo mwalimu wetu wa filamu, kijana wa humu humu kambini, alipogawa fomu ya ruhusa kwa kila mtu atakayeonekana kwenye picha, niliona ni karatasi kama zingine. Kazi yetu ilikuwa dakika tano tu juu ya maisha ya nyumbani. Mama aliona simu mkononi mwangu, akadhani ni michezo yangu ya kila siku.

Nilimrekodi akinigombeza. Nikamfuata mpaka Lilongwe, sokoni Tsoka, anakouza vitenge kwenye meza ya rafiki yake Mmalawi. Uso wote umo, na ile "zikomo" yake ya kushukuru wateja, yenye lafudhi ya kwetu Bukavu, Kongo.

Mwalimu akaipenda. Akatangaza kwamba Jumamosi itaonyeshwa mjini, ukumbini, mbele ya wageni na wakubwa wa ofisi ya wakimbizi. Hapo nikakumbuka sheria. Mkimbizi anatakiwa akae kambini, haruhusiwi kufanya biashara mjini. Mama akitambulika, meza imekwenda, na meza hiyo ndiyo inayotulisha.

Nikamwomba mwalimu aikate sehemu ya Tsoka.

"Pale njo filme yenyewe iko," akasema. "Ni ukweli yako."

"Ni ya mama."

"Mama alisaini, mdogo yangu."

Masikio yakaniwaka moto. Ukweli, ukweli, kila siku ukweli. Naye anakula nsima, ugali wa foleni ya msaada, kama sisi, anaijua ile sheria kuliko sala zake. Na sheria yenyewe! Mwanamke aliyefundisha shule Bukavu leo anauza kitenge huku akichungulia nyuma kama mwizi mwenye redio ya watu. Nani aliyeiandika, akashiba, akalala? Halafu mimi, fundi wa saini. Nilijichukia kuliko wote hao.

"Njo miye nilisaini," nikasema.

Mwalimu akaniambia nimlete mama aseme mwenyewe.

Nilimweleza mama akiwa anakunja vitenge. Hakunipiga, afadhali angenipiga. Alijifunga kitambaa kichwani, akanitangulia njia nzima mpaka kwa mwalimu. Akaketi mbele ya kompyuta, akaitazama filamu mpaka ikaisha, mikono juu ya mapaja. Mwalimu akaanza kumweleza mambo ya sanaa, kwa Kifaransa kizuri. Mama akamwacha amalize. Kisha akamwambia:

"Tosha iyo ya Tsoka, uikate. Kama unapenda ukweli sana, mama yako anauzishaka mandazi kule Mchesi, mu Lilongwe mule mule. Enda umurekodi ye."