Kuku wa Jina

Ancilla amezalisha wanawake wa Nakivale, kambi ya wakimbizi huku Uganda, tangu nywele zake zikiwa nyeusi, na leo haruhusiwi hata kugusa glavu. Kosa lake ni kuku.

Nilikuwepo. Mimi Libère ni mkalimani wa zahanati yetu ndogo ya serikali karibu na Kashojwa. Orpa, mama kutoka Kivu Kusini, alijifungua kwa taabu, mtoto katanguliza miguu, na Ancilla hakuketi mpaka kilio kiliposikika. Orpa akamwita mtoto Ancilla. Kwao, ukimpa mtoto jina la mtu, unampelekea mwenye jina kuku. Akamleta kuku huyo palepale zahanati, amefungwa miguu, mnene, mwenye kelele.

Mkaguzi mmoja mgeni alikuwa amesimama mbele ya bango linalosema matibabu ni bure. Akauliza kuku ni wa nani. Ancilla, Mnyankore asiyejua kuficha furaha, akamjibu huyo bwana akicheka, "Ni yangu, ssebo. Nimepewa na ule mama nilimuzalisha jana."

Akasimamishwa kazi kwa kula rushwa. Asubiri kamati ya nidhamu, mjini Mbarara.

Asubiri! Neno hilo sasa silitaki masikioni mwangu. Kwanza kamati ilisubiri faili. Faili lilipofika, mwenyekiti akahamishwa. Alipoletwa mwingine, faili likarudishwa lilikotoka lisainiwe upya. Na kila mara tuliitwa, nasi kama wajinga tulikwenda: Ancilla kutoka kijijini kwake Ngarama, Orpa na mtoto mgongoni, mimi na shati langu la kanisani. Karani alimwita Ancilla nyabo, yaani bibi, lakini hakuinua hata macho kutoka kwenye kikombe cha chai.

"Mukubwa hayuko, nyabo. Amekwenda semina. Mutarudi wiki ingine."

Siku moja Orpa alilipuka. "Ile kuku haiko rushwa! Mutoto wangu iko na jina yake! Kwetu ukikosa kuleta kuku, bantu banakucheka. Sasa hapa munaita ile wizi?"

Karani alielewa kila neno. Hakuandika hata moja, kwa sababu shahidi, alisema, husikilizwa na kamati tu.

Wakati huo Ancilla alikatazwa kufanya kazi popote. Wajawazito wa Ngarama walimgongea mlango wakishika viuno, naye akawaonyesha njia ya zahanati, akaingia ndani, akalia. Angemgusa mmoja tu, kesi zingekuwa mbili. Ancilla hakutaka makubwa. Alitaka jina lake lisafishwe, arudi wodini.

Kisha Orpa akapata safari ya kuhamia Kanada. Tulikwenda kuibembeleza kamati imsikilize kabla hajaondoka. Semina. Akaondoka, mtoto akiwa tayari anakimbia na kujibu watu.

Mwezi uliopita, maajabu, tukaingizwa mbele ya kamati. Mwenyekiti ni mtu mpole, na upole wake ndio ulionichoma zaidi.

"Shahidi yuko wapi?"

"Yuko Kanada," nilisema, sauti imenipanda. "Alikuja hapa mpaka akachoka. Nyinyi hamkuwepo."

Akatikisa kichwa kwa huruma. "Bila shahidi hatuwezi kuamua. Tuahirishe mpaka arudi."

Arudi! Mkimbizi aliyefika Kanada arudi Nakivale kueleza habari za kuku! Niliuma ulimi, maana mkalimani akifukuzwa hana hata kamati ya kungojea.

Ancilla, ambaye siku zote alikuwa mtu wa "ndiyo, ssebo", akasimama.

"Basi muandike mimi nilikula rushwa," alisema. "Muandike mimi ni mwizi. Munifukuze leo, hii maneno iishe."

Wajumbe wakamgeukia mwenyekiti. Mwenyekiti akavuta kitabu cha kanuni, akapekua taratibu, akavua miwani.

"Nyabo," alisema, "hata kukufukuza tunahitaji watu watano. Leo tuko wanne."