Fizi za Bi Rukia

Siku yangu ya kwanza katika kliniki ya meno kule Rexdale, ughaibuni, mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili, Daktari Mkuu alinionyesha koleo kabla sijavua koti la baridi. "Hapa jino likicheza tunaling'oa," alisema. "Watu wanatoka zamu, hawana muda." Yeye mzaliwa wa Mwanza, mkali lakini mwadilifu. Mimi nilikuwa nimesomea fizi.

Enzi zile sisi wa fizi tulianza kwa kupima. Unapenyeza kijiti cha chuma chenye alama kati ya jino na fizi. Kikizama sana, pana mfuko, na ndani yake ukoga ulioganda kama jiwe. Unampiga mgonjwa ganzi, unakwangua polepole, kisha unasubiri fizi ishike tena. Daktari Mkuu aliiita kazi ya kusugua masufuria.

Ndipo akaja Bi Rukia, mwalimu wa madrasa kutoka maghorofa ya Dixon, jirani na kliniki. Meno yake ya mbele yalikuwa yanacheza.

"Ng'oa, tumwekee ya bandia," akasema Daktari Mkuu.

"Jino la pembe si dawa ya pengo," akajibu Bi Rukia. Akanigeukia. "Mwanangu, kuna herufi ulimi lazima uguse meno. Wanafunzi wenyewe wananijibu Kiingereza. Nikianza kupuliza upepo, nani atanisikiliza?"

Nilimwuliza anasafishaje. Akasema hupiga mswaki wa mti kabla ya kila sala.

"Ila hapa penye damu sigusi. Nitasalije na damu mdomoni?"

Kumbe palipougua ndipo alipopakwepa miaka yote.

"Basi mama, hapo papige mswaki ukishasali isha. Una usiku mzima wa kusukutua."

Nilimwomba Daktari Mkuu anivumilie hadi majira ya joto. "Yakidondoka, jina litakaloharibika ni langu," alinionya. Nilikwangua, nikasubiri, na kusema kweli niliogopa. Joto lilipofika, kijiti hakikuzama tena, wala damu haikutoka. Daktari Mkuu aliyatikisa meno yale kwa kidole chake, hayakucheza. Tangu hapo wenye fizi mbovu wakaletwa kwangu.

Nimestaafu sasa, na ninachokikumbuka zaidi ni kule kusubiri. Siku ya kuniaga, Bi Rukia alileta miwa. Akamenya muwa wake kwa meno ya mbele, taratibu, kisha akamkabidhi Daktari Mkuu kipande.

Daktari Mkuu, ambaye meno yake ya mbele ni ya bandia, aliomba kisu.