Barua Iliyodai Cheti

Nilikuwa namhudumia profesa mzee wa historia, Myahudi, nyumbani kwake Kensington. Nilimwogesha, nikampikia, na macho yake yalipofifia nikaanza kumsomea mswada wa kitabu chake. Kilihusu jinsi Wamarekani walivyowapokea Wayahudi waliomkimbia Hitler. Au tuseme, walivyokataa kuwapokea.

Nilidhani nitakutana na watu wenye chuki tupu. Nikakutana na makarani wapole. Mkimbizi huyu ameambiwa fomu yake imepitwa na wakati, yule alete cheti cha tabia njema kutoka polisi, polisi wale wale waliokuwa wakiwakamata.

"Waliwachukia?" nilimuuliza.

"Baadhi, ndiyo. Wengine walikuwa wanafuata utaratibu tu."

Sikumwambia kwamba mimi pia nilikuwa na faili la barua kama hizo kwangu Macquarie Fields, pembezoni mwa jiji hilo hilo. Dada yangu mkubwa alikuwa kambini Tanzania tangu tulipokimbia Kivu pamoja. Usaili wa kuletwa huku mimi nilipita, yeye hakupita. Nilimwombea viza miaka na miaka. Mwishowe watu wa uhamiaji wakataka cheti chake cha kuzaliwa, kutoka ofisi ambayo sisi wawili tuliiona ikiteketea kwa moto. Tukiwa bado tunahangaika, homa ikamuua.

Hata arobaini haijapita, ikaja barua: cheti kinahitajika haraka. Nikawaandikia kwamba amefariki. Wakajibu kwa adabu: pole sana, tafadhali ambatisha cheti cha kifo.

Asubuhi baada ya jibu hilo nilifungua mswada, nikaufunga tena. Profesa akauliza kulikoni, nikamweleza yote. Alilia, kwa kweli alilia. Kisha akasema, "Niruhusu nimtaje kwenye dibaji."

"Hapana, Profesa. Dada yangu alitaka kuja, hakutaka kusomwa."

Nilimpa uji wake, ukapoa mbele yake.

Kitabu kilizinduliwa chuoni. Nilimsukuma profesa kwenye kiti chake cha magurudumu hadi mbele. Ofisa mmoja wa serikali akahutubia, akasema dunia isirudie tena ukatili ule, ukumbi mzima ukampigia makofi. Baadaye mama mmoja, glasi ya mvinyo mkononi, akaniuliza nimetoka wapi. Nikamwambia Kongo.

"Una bahati sana kuwa hapa," akasema.

"Ndiyo," nikajibu, kwa sababu nilikuwa kazini.