Wazee wa Shimo la Mwalimu Mukami

Mwalimu Mukami alikuwa na tabia moja ambayo majirani zake kule juu ya Runyenjes waliizoea baada ya kuicheka sana. Jua likianza kulegea, alichukua kigoda akaenda kukaa juu ya shimo la samadi. Si kwamba palinuka. Shimo lilikuwa na kuba la saruji lililofukiwa kwa udongo, nyasi zikaota juu yake, na bomba moja lilitoka humo likapita kando ya zizi hadi jikoni. Ng'ombe walitoa samadi, samadi ikatoa gesi, gesi ikapika chai. Lakini mtu mzima, mwalimu wa bayolojia, kukaa pale akitazama migomba bila kusema neno, hilo lilihitaji maelezo, na maelezo yake yaliwachosha watu kabla hayajafika nusu.

Aliwaambia kwamba pale chini walikaa wazee. Ni wadogo mno kuonekana kwa macho, kila mmoja ni seli moja tu, na jina lao ni arkea. Kwa muda mrefu wataalamu waliwahesabu kuwa bakteria, maana kwa umbo wanafanana, mpaka walipochunguza maandishi ya kurithi yaliyo ndani ya seli wakakuta ni ukoo mwingine kabisa. Hata ngozi yao imejengwa kwa mafuta ya namna nyingine. Wako wanaoishi katika chemchemi zinazotokota, wako wa maziwa ya chumvi, na wako hawa wake, wanaokaa tumboni mwa ng'ombe na kutoka na samadi. Hewa tunayoivuta sisi kwao ni sumu. Ukoo wao ulianza zamani, dunia ikiwa bado haina hewa hiyo, na ilipojaa wakajificha gizani, matopeni na matumboni. Akifika hapo sauti yake ilishuka, macho yakaenda mbali, na jirani aliyekuja kuazima jembe akakumbuka kwamba ameacha mboga motoni.

Mukami hakuzaliwa huku kwenye chai na kahawa. Alizaliwa chini, upande wa Kiritiri, ambako mvua huja ikijisikia. Baba yao alifariki mapema, na mama yao, Wamuyu, akawalea yeye na kaka yake Muchangi kwa mbuzi wachache na makaa. Wamuyu alikata miti, akaipanga, akaifunika kwa udongo, akaiwasha, kisha akaichunga usiku kucha huku moshi ukimpita usoni. Hayo makaa ndiyo yaliyomsomesha Mukami mpaka chuo cha ualimu. Alipovaa joho, mama yake alikaa katikati ya umati akikohoa ndani ya leso mpya, na Mukami alikisikia kile kikohozi kupita makofi yote.

Uzee ulipomkuta Wamuyu, kifua kilikuwa kimeisha. Daktari alisema moshi basi, hata wa kuni moja. Mukami akamleta kwake, na mumewe, Misheck, anayefanya kazi Embu na kurudi nyumbani kila Jumamosi, akachimba lile shimo kwa mikono yake pamoja na fundi. Mtungi wa gesi ungekuwa rahisi zaidi, lakini Wamuyu alikuwa amesikia habari za mitungi kulipuka na akaapa hatalala nyumba moja na bomu. Gesi ya ng'ombe aliikubali. Ng'ombe alimjua, alimwona akitafuna, na kitu kilichotoka kwa ng'ombe hakiwezi kuwa na nia mbaya.

Basi bibi kizee akapewa kigoda chake jikoni, kando ya moto wa samawati usio na moshi, na humo akawa anasinzia, akiamka, akichambua maharagwe, akisinzia tena. Alikuwa na amani, na Mukami alikuwa na amani kwa kumwona.

Sasa tuje kwenye kosa. Watu wa huku wana ugonjwa wa kulisha. Ukiingia nyumbani kwao umeshiba, unaongezewa; ukisema basi, wanadhani unaona haya. Mwezi wa Novemba kahawa ilikuwa imeiva, na kiwandani maganda mekundu yalikuwa yamelundikana, yanachukuliwa bure na yeyote mwenye shamba. Shule zilikuwa zimefungwa. Mukami aliyaangalia yale maganda yaliyojaa utamu, akawafikiria wazee wake kule gizani wanaokula samadi kila siku bila mabadiliko, akawaonea huruma. Akayaleta kwa mkokoteni na kuyamimina shimoni mpaka mdomo wa shimo ukafurika. Alifurahi siku hiyo kama mtu aliyechinjia wageni.

Baada ya siku chache moto ukafifia, ukawa mwekundu, ukazima.

Mwalimu alijua alichokifanya pale tu alipochovya karatasi ya litmus na kuiona inageuka nyekundu. Aliwahi kuyafundisha mambo haya ubaoni! Shimoni kuna bakteria wanaotangulia, wepesi, wenye pupa, wanaovunja chakula na kuacha asidi. Arkea huja nyuma yao taratibu, wanakula kile walichoacha, na kutoa gesi inayowaka. Alipomimina utamu ule wote, wale wepesi walifanya karamu, asidi ikajaa, na wazee wapole wakafia humo humo wasijue kilichowapata. Alikuwa akiwaita wazee wake miaka yote, kisha akawaua kwa ukarimu. Aliketi juu ya kuba akalia.

Jikoni, kuni zilirudi. Mukami alijaribu kupikia nje nyuma ya zizi, lakini upepo wa mlimani ulikuwa ukiubeba moshi hadi kitandani kwa mama yake, na kifua kikaanza tena kupiga filimbi. Wamuyu hakulalamika. Alimpigia simu Muchangi aje amchukue Jumapili ya mwisho kabla ya Krismasi, amrudishe Kiritiri, kwa sababu huko, alisema, moshi huenda na upepo. Mukami alijua kwamba huko wakati wa kiangazi matanuri ya makaa huzunguka boma kila upande. Alijua akimwacha aende atamfuata kumzika.

Alitoa sehemu ya lile tope chachu, akamwagia majivu na chokaa, akarudisha samadi kidogo kidogo. Kilichobaki ni mbegu. Alice, jirani aliyeolewa kutoka Meru, alikuwa na shimo lake lililo hai ng'ambo ya kijito. Wamuyu aliposikia kwamba kinachotakiwa ni kwenda kuomba kwa jirani kitu cha kuwashia, akasimama na kutafuta bakora yake. Zamani mtu akizimikiwa na moto alikwenda kuomba kaa kwa jirani, na hakutumwa mtoto kulileta, liliombwa na mwenye nyumba aliye mkubwa. Hakuna aliyeweza kumzuia. Walishuka polepole hadi kijitoni na kupanda polepole zaidi, wakipumzika kila penye kivuli, bibi kizee mbele na mwalimu nyuma na ndoo zake.

"Mwalimu, si ungeniuliza kwanza?" Alice alisema akichota tope lililokuwa likitoa mapovu. "Hiyo kitu inataka kukula pole pole, ka mtoto mchanga."

Wamuyu aliweka mkono juu ya ndoo, akahisi joto lake, akainamisha kichwa kwa heshima.

Halafu wakangoja. Arkea hawana haraka. Wameishi zaidi ya miaka bilioni tatu bila kuharakishwa na mtu. Gesi ya kwanza ilikuja lakini haikuwaka, ilizima kiberiti tu. Mchana, mama yake akisinzia, Mukami alikaa kando ya kitanda akisikiliza ile filimbi ya kifua ikipanda na kushuka, na mawazo yakamchukua. Aliona bahari ya kale isiyo na samaki. Aliona mmoja wa ukoo ule akimkaribisha bakteria ndani yake, na mgeni asiondoke tena, wakakaa pamoja mpaka wakawa kitu kimoja, na kutoka kwao wakaja uyoga na migomba na ng'ombe na watu. Yule mgeni bado yumo ndani ya kila seli ya mama yake, na ndiye anayeitumia pumzi. Kila pumzi aliyoivuta Wamuyu kwa shida ilikuwa inapelekwa huko, kulisha urafiki wa zamani kuliko milima. Mukami akavuta hewa pamoja naye, akaitoa pamoja naye, mpaka hakujua tena ni nani anayepumua kwa niaba ya nani.

Jumapili ilifika. Muchangi alikuja kutoka kanisani na suti yake, akakuta mizigo imefungwa. Mukami aliingia jikoni bila kumwambia mtu, akafungua bomba, akawasha kiberiti. Moto ulishika. Ulikuwa mfupi, wa samawati, ukitetemeka, lakini ulikaa.

Alipogeuka, mama yake alikuwa mlangoni. Bibi kizee alipita, akakaa kwenye kigoda, akachukua sufuria kutoka mkononi mwa binti yake. Akasema leo atapika chai yeye mwenyewe, kwa mara ya kwanza tangu alipohamia hapo. Akamimina maziwa, akatia majani, akainama juu ya moto kama alivyokuwa akiinamia moto maisha yake yote, na hakukohoa.

Mukami alishindwa kujizuia. Alipiga magoti pale sakafuni na kusema neno alilolibeba tangu siku ya joho.

"Maitu, kifua chako nilikimaliza mimi."

Wamuyu aliendelea kukoroga. Chai ilipanda, akapunguza moto kabla haijafurika.

"Kifua ni changu, Mukami," alisema. "Nilikitumia nilivyotaka. Leta vikombe, kaka yako ana safari ya kurudi peke yake."