Barua Niliyoisoma kwa Sauti

Mwalimu wangu kule Ronge alitufundisha kwamba barua haijaisha mpaka uisome kwa sauti, kwa sababu sikio hukamata kosa ambalo jicho limelipita. Nilimwamini kupita kiasi.

Miaka ya sabini nilikuwa karani katika shamba la mkonge karibu na Voi. Karani mkuu, Mzee Mwakisha, alilala kila siku baada ya chakula, na kazi yake ikaniangukia mimi. Nikaamua kumwandikia meneja. Nilingoja siku ambayo mzee alikuwa anasafiri kwenda Taveta kwa binti yake. Nilimwona kwa macho yangu akielekea stesheni. Niliporudi kutoka kula, nikafunga mlango wa ofisi, nikaandika barua na kuanza kuisoma kwa sauti.

"Mzee huyu hulala kazini." Niliona ni kavu mno, nikaikata.

"Mzee huyu hukoroma hadi wageni hudhani mashine ya mkonge imewashwa." Hiyo niliisoma mara mbili, nikacheka peke yangu. Halafu nikaona haina adabu.

"Mhusika huonekana hayuko macho saa za kazi." Hii niliisoma polepole, kama mtangazaji wa redio.

Nyuma ya ukuta wa mbao, ambao haukufika hata darini, kiti kikalia. Kumbe treni ilichelewa, na mzee alikuwa amerudi chumbani mwake kujipumzisha.

"Mwanangu," akasema kwa sauti ya usingizi, "rudisha ile ya mashine. Meneja ataielewa upesi."